Ncuti Gatwa ni wa nani?

Kuna mchezo mmoja tunaupenda sana Afrika Mashariki. Mtu akiwika Ulaya au Marekani, hata jasho halijakauka, sisi tumeshaanza kutafuta kitovu chake kilizikwa wapi. Kikionekana upande wetu, kesho yake anaitwa "kijana wetu". Nafanya kazi kwenye chumba cha habari, najua kichwa cha habari cha namna hiyo kinavyopikwa: nchi aliyozaliwa inatangulia kwa herufi kubwa, nchi iliyomsomesha inachomekwa aya ya mwisho, nafasi ikibaki.

Mei 2022 ilikuwa zamu ya Ncuti Gatwa. BBC ilitangaza kwamba yeye ndiye atakayeshika nafasi kuu kwenye Doctor Who, tamthilia ya televisheni iliyoanza kurushwa Novemba 1963. Kwa Waingereza tangazo la namna hiyo ni habari kubwa, karibu sawa na kutajwa kocha mpya wa timu ya taifa. Na sisi huku? Mnyarwanda! Mwafrika! Wetu!

Jamani, tupunguze mwendo kidogo. Huyu bwana ni wa nani hasa? Swali linaonekana jepesi, lakini ukiyafuatilia maisha yake unakuta linatuhusu sisi kuliko linavyomhusu yeye.

Tuanze na jina. Ncuti ni neno la Kinyarwanda, maana yake rafiki. Alizaliwa Oktoba 1992 Nyarugenge, Kigali. Mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi yalipoanza Aprili 7, 1994, alikuwa hajafikisha hata miaka miwili. Kwa muda wa siku mia moja hivi watu zaidi ya 800,000 waliuawa, wengi wao na majirani waliokuwa wanasalimiana nao kila siku. Familia yake ilikimbia. Safari yao iliishia Uskoti, kwanza Edinburgh, baadaye Dunfermline. Baba yake, Tharcisse Gatwa, ni mwandishi wa habari aliyesomea theolojia hadi kufikia udaktari, na mwaka 2005 kilitoka kitabu chake kuhusu makanisa na itikadi ya ukabila nchini Rwanda. Kwa hiyo tusidhani ni familia iliyofika Ulaya ikasahau ilikotoka. Nyumbani kwao jambo hilo liliandikwa kitabu kizima.

Sasa hebu tuutazame mji wa Dunfermline. Uko mkoa wa Fife, ng'ambo ya maji ukitokea Edinburgh. Mtu maarufu kuliko wote aliyezaliwa pale ni Andrew Carnegie, mtoto wa mfumaji nguo. Mashine zilipoua kazi ya kufuma kwa mkono, familia ikakosa riziki, na mwaka 1848 wakapanda meli kwenda Marekani kutafuta maisha. Mtoto yule akaja kuwa tajiri wa chuma cha pua, mmoja wa matajiri wakubwa wa dunia wa zama zake, akajenga maktaba huku na huku, ikiwemo ya Dunfermline kwao. Uskoti ni nchi ya watu waliohama. Njaa iliwahamisha, wenye mashamba makubwa waliwafukuza ili wafuge kondoo, wakaenda Kanada, Australia, Marekani. Ungetegemea mji wenye historia hiyo umpokee mtoto wa Kinyarwanda kwa mikono miwili.

Haikuwa hivyo kabisa. Gatwa amesimulia kwenye mahojiano jinsi wanafunzi wenzake walivyombagua kwa ajili ya rangi yake. Nalitaja hili mapema ili nisieleweke vibaya. Sina nia ya kuipamba Uskoti hapa. Watu wa kule wana ubaguzi wao kama sisi tulivyo na wetu.

Lakini kuna kitu kilifanyika kule ambacho nataka tukiangalie kwa makini, kwa sababu hakina ushujaa wowote na ndiyo maana hatukioni. Mtoto alipelekwa shule ileile waliyosoma watoto wengine. Alipopenda kuigiza akaomba nafasi kwenye chuo cha taifa cha sanaa za maonyesho kilichopo Glasgow, Royal Conservatoire of Scotland, akahitimu mwaka 2013. Kwa mfumo wa kule, mwanafunzi mkazi wa Uskoti hulipiwa na serikali ada ya shahada ya kwanza. Alipohitimu akachukuliwa na Dundee Rep, ukumbi wa maigizo wa mji wa Dundee, ambao una kikundi chake cha waigizaji na unaendeshwa kwa msaada wa fedha za umma. Mwaka 2014 akapata kipande kidogo kwenye kichekesho cha BBC kiitwacho Bob Servant, ambacho nyota wake alikuwa Brian Cox, Mskoti mwingine, mtoto wa Dundee ambaye naye alianzia kazi palepale Dundee Rep akiwa kijana mdogo.

Umeona mlolongo huo? Shule ya umma, chuo cha umma, ukumbi unaosaidiwa na umma, televisheni ya umma. Hakuna tajiri aliyemwokota barabarani, hakuna muujiza. Ni ngazi ya kawaida kabisa ambayo kila kipande chake kilikuwa kimeshawekwa na watu wengine kabla yeye hajafika, na alipofika hakuna aliyemzuia kupanda kwa sababu ya mahali alipozaliwa.

Ngazi yenyewe haikumfikisha juu moja kwa moja. Alihamia London, akacheza Shakespeare kwenye ukumbi wa Globe mwaka 2016, ukisikia hivyo unadhani maisha yalishanyooka. Wapi! Mwaka 2020 aliandika kwenye gazeti la Big Issue, lile linalouzwa mitaani na watu wasio na makazi, akaeleza kwamba kabla ya kupata kazi kubwa alikaa miezi kama mitano bila nyumba, akilala kwa marafiki, leo kwa huyu kesho kwa yule. Kijana wa miaka 25, ana shahada, ana kipaji, amesimama kwenye majukwaa ya heshima, na hana pa kuweka begi lake. Ninyi mliomaliza chuo mkarudi kulala sebuleni kwa binamu mnajua naongelea nini. Ile aibu ya kuoga haraka ili usionekane unamaliza maji. Ile ya kujifanya umeshiba.

Kisha ikaja kazi ya Netflix. Sex Education ilianza kuonyeshwa Januari 2019 na kumalizika mwaka 2023, misimu minne. Gatwa alicheza kama Eric Effiong, kijana wa Kiingereza mwenye asili ya Afrika Magharibi, mtoto wa familia inayokwenda kanisani, mcheshi, mpenda mavazi ya rangi, na anayewapenda wavulana wenzake. Najua hapo kuna msomaji ameshakunja uso. Endelea kidogo tu. Kilichowashika watazamaji ni kwamba Eric hakuandikwa kama kituko. Ana baba anayemwogopea, ana Mungu anayemwomba, ana siku anazopigwa na siku anazocheza muziki hadi miguu inauma. Mwaka 2020 BAFTA ya Uskoti ilimpa Gatwa tuzo ya mwigizaji bora wa televisheni. Sikiliza vizuri: ya Uskoti. Hawakumpa tuzo ya mgeni aliyejitahidi.

Hapo mchezo wetu wa "kijana wetu" unaanza kuvuja. Gatwa hafichi kwamba kuhusu mapenzi naye hasimami mbali na Eric, amelizungumza hadharani. Kwa hiyo wale wanaomdai leo kwa sababu ya Doctor Who, wengi wao wangemkana kesho kwa sababu ya Eric. Wanataka nusu ya mtu. Sikuombi ubadilishe imani yako hapa. Ninachosema ni kwamba ukimdai mtu unamdai mzima, na damu yake na maisha yake. Usichague nyama ukaacha mifupa.

Turudi kwenye Doctor Who, kwa faida ya ambao hamjawahi kuitazama. Mhusika mkuu anaitwa Daktari, ni kiumbe kutoka sayari nyingine, anasafiri kwenye nyakati na sayari ndani ya kibanda cha simu cha polisi cha rangi ya bluu. Akikaribia kufa mwili wake hubadilika, anakuwa na sura mpya na tabia mpya, ndiyo maana waigizaji wanaweza kupokezana tangu 1963 bila hadithi kufa. Kabla ya Gatwa, Waskoti watatu walishaibeba nafasi hiyo: Sylvester McCoy, David Tennant na Peter Capaldi. Jo Martin, mama mweusi, alishaonekana kama Daktari mwaka 2020 kwa vipindi vichache, ila mtu mweusi wa kwanza kuibeba tamthilia yenyewe ni Gatwa. Alitokea kwa mara ya kwanza Desemba 2023, akaondoka Mei 31, 2025.

Mtazame huyo Capaldi kidogo. Jina lenyewe linakwambia, ukoo wake ulitoka Italia. Alizaliwa Glasgow, na alipochaguliwa mwaka 2013 hakuna aliyepoteza muda kujadili kama ni Mtaliano au Mskoti. Ni Mskoti, kwisha. Swali la "ni wa nani" huwa linaulizwa kwa watu wa rangi fulani tu, na linaulizwa pande zote mbili. Wabaguzi wa kule wanauliza ili wamfukuze, sisi wa huku tunauliza ili tumchukue. Ukilisikiliza vizuri ni swali lilelile.

Sasa nifike kwenye kilichonifanya niandike. Mei 2024 kilirushwa kipindi cha kwanza cha msimu wake. Daktari anamweleza msichana Ruby, ambaye wanaanza kusafiri pamoja, yeye ni nani na ametoka wapi. Anamwambia kwamba watu wake hawapo tena. Anatumia neno lenyewe, mauaji ya kimbari, na anasema amebaki yeye peke yake.

Kihadithi si jambo jipya. Tangu tamthilia iliporudi hewani mwaka 2005 ilishaelezwa kwamba sayari yake iliangamia, na waigizaji wengine walishaisema habari hiyo kabla yake. Walikuwa wazuri, sibishi. Lakini hao waliisema kama watu wanaosimulia hadithi ya sayari. Huyu alibebwa kutoka Kigali mwaka 1994 akiwa mtoto mchanga. Akitamka neno hilo hakunyanyua sauti, hakutoa chozi, aliliweka tu mezani na kuendelea na mazungumzo. Na hiyo ndiyo namna watu waliopitia jambo kama lile wanavyolisema. Wanalitaja kati ya chai na mkate, halafu wanakuuliza kama utaongeza sukari.

Mtoto aliyekimbia mauaji ya kimbari amepewa nafasi ya kulisema neno hilo kwenye tamthilia inayotazamwa na familia nzima jioni ya Jumamosi, tena yeye ndiye shujaa. Kwangu mimi hiyo ni kubwa kuliko Barbie ya mwaka 2023, ambamo naye yumo, na kuliko Masters of the Air ya mwaka 2024, alikocheza kama rubani mweusi wa Marekani kwenye vita vya pili vya dunia.

Sasa tuje nyumbani, maana hapa ndipo mchezo unapotuumiza. Mwezi uleule wa Aprili 1994, tarehe 28 na 29, watu wapatao 250,000 walivuka daraja la Rusumo na kuingia Ngara ndani ya saa 24 hivi. Waliowahi kuandika historia ya wakimbizi wanakutaja kama mmoja wa mimiminiko mikubwa na ya haraka kuliko yote. Benaco, mahali palipokuwa pori, pakageuka mji kwa usiku mmoja. Ndani ya umati ule walikuwemo wauaji waliokuwa wanakimbia mkono wa sheria, hilo linajulikana. Na walikuwemo watoto wa miaka miwili ambao hawakuwa wamemuua mtu. Desemba 1996 serikali yetu iliwataka wote warudi kwao kabla mwaka haujaisha.

Najua jibu mtakalonipa, na ni jibu la haki. Mtaniambia: Uskoti ilipokea familia chache, sisi tulipokea robo milioni kwa siku moja, na hatukuwa na kitu. Kuni zilikwisha, maji yalikwisha, wanakijiji wa Ngara walibeba mzigo ambao hakuna mji wa Ulaya uliowahi kuubeba. Kweli kabisa. Hata Dunfermline ingepewa watu 250,000 kesho asubuhi nadhani tungeona rangi yake halisi. Kwa hiyo silaumu usiku ule wa kwanza. Usiku wa kwanza tuliwazidi wote.

Ninachouliza ni habari ya mwaka wa kumi. Mtoto wa mkimbizi anaacha lini kuitwa mkimbizi? Kambi ya Nyarugusu kule Kigoma ilifunguliwa mwaka 1996 kwa ajili ya Wakongo. Wapo watu waliozaliwa humo, wakakua humo na kuzaa humo. Sheria yetu ya wakimbizi ya mwaka 1998 inawataka wakae katika maeneo waliyotengewa, na kutoka ni kwa kibali. Shule za humo zilifuata mtaala wa Kongo, kwa mantiki kwamba siku moja watarudi. Maana yake mtoto anaweza kufika utu uzima ndani ya Tanzania akisomeshwa kila siku kwamba hayupo Tanzania. Ngazi ya Gatwa, ile ya shule ya kawaida na chuo cha kawaida, kwake imekatwa kipande cha kwanza kabisa.

Na msiniambie haiwezekani, kwa sababu tulishafanya. Wakimbizi wa Burundi wa mwaka 1972, wao na watoto wao, zaidi ya 160,000, walipewa uraia wa Tanzania, na vyeti vyao vikaanza kugawiwa mwaka 2014. Hakuna nchi iliyoporomoka. Wanalima, wanafanya biashara, wanapiga kura. Ni moja ya mambo makubwa ambayo nchi hii imewahi kufanya na ajabu hatulisemi, tunaona fahari zaidi kumdai mwigizaji wa London ambaye hatukumpa hata glasi ya maji.

Kuna hatari moja kwenye hoja yangu, bora niiseme mwenyewe. Nikiishia kwamba "tuwatendee wema wakimbizi kwa sababu mmoja wao anaweza kuwa nyota", nitakuwa nimegeuza watoto kuwa tiketi za bahati nasibu. Wengi waliokimbia na Gatwa mwaka ule hawakuwa nyota. Wamekuwa wauguzi, madereva, makarani, wengine hawana kazi. Nao walistahili shule ileile. Kipaji cha Gatwa ni chake na cha Mungu wake, hakiwezi kutumika kama ada ya kiingilio kwa wengine.

Kwa hiyo ni wa nani? Mwenyewe hujitambulisha kuwa Mnyarwanda na Mskoti, vyote viwili, na haoni shida. Rwanda ilimpa jina na ilimpa jeraha. Uskoti ilimtukana shuleni halafu ikamlipia jukwaa. Wote wawili wana haki ya kusema kitu. Sisi wengine wa jirani tuna haki ya kupiga makofi tu, kama watazamaji wengine.

Au tukitaka haki zaidi ya hiyo, njia ipo wazi, ni ya kwenda Kasulu. Pale Nyarugusu yupo binti wa miaka kumi na tatu anayewaigiza walimu wake mpaka darasa zima linaanguka kwa kicheko. Huyo ndiye tungeanza kumwita wetu sasa hivi, akiwa bado hana tuzo, huku BBC haijui hata kama yupo.